Hardy Krüger na gwanda lililomfuata

Baada ya 1945, mwigizaji wa Kijerumani aliyetafuta kazi London au Hollywood alijua mapema nguo atakayovalishwa: gwanda la askari wa Hitler. Hardy Krüger alilivaa mara nyingi. Tofauti yake na wenzake ni alichokifanya akiwa ndani yake.

Gwanda lenyewe alilijua kabla ya kulipwa kulivaa. Alizaliwa Berlin, mtaa wa Wedding, tarehe 12 Aprili 1928. Akiwa na miaka 13 alipelekwa shule ya chama cha Nazi huko Sonthofen, na akiwa mwanafunzi bado akachaguliwa kucheza katika Junge Adler (1944), filamu ya propaganda. Mwaka 1945 akaingizwa katika divisheni ya SS, jeshi la chama cha Nazi, akaishia mikononi mwa Wamarekani.

Ujerumani Magharibi ya miaka ya 1950 ilipenda picha nyepesi, za mapenzi na vichekesho, na filamu za kigeni zilibandikwa sauti za Kijerumani. Nyota wa nyumbani hakulazimika kujua lugha ya mtu, na wengi hawakuvuka mpaka. Krüger aliigiza kwa Kiingereza na Kifaransa, kwa sauti yake mwenyewe, lafudhi ikiwa vilevile ilivyo.

Mlango ulifunguka 1957 kwa The One That Got Away ya Roy Ward Baker. Krüger anamcheza Franz von Werra, rubani mateka aliyetoroka Kanada na kuuvuka mto St. Lawrence ukiwa umeganda. Hebu fikiria: miaka 12 tu tangu vita viishe, Waingereza wananunua tiketi wamtazame Mjerumani akiwazidi ujanja! Krüger anamwachia von Werra majivuno yake yote. Angeanza kuomba huruma ya mtazamaji, picha ingekufa hapohapo.

Kisha ikaja Hatari! ya Howard Hawks, iliyotoka 1962, jina ambalo sisi hatuhitaji kutafsiriwa. Ilipigwa Tanganyika, na waigizaji walikimbizana na wanyama wenyewe. Krüger ni Kurt, dereva, na safari hii hana gwanda. Alipapenda Momella, chini ya Mlima Meru, akanunua shamba na kuishi huko hadi miaka ya 1970. Mwaka huohuo wa 1962 Wafaransa walimpa Pierre, rubani aliyepoteza kumbukumbu, katika Les Dimanches de Ville d'Avray, iliyopata Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni.

Kwangu, kilele ni The Flight of the Phoenix (1965) ya Robert Aldrich. Ndege imeanguka jangwani, na Dorfmann, anayechezwa na Krüger, anataka mabaki yake yaundwe ndege ndogo. Katika riwaya iliyozaa filamu hii mhusika huyu ni Mwingereza; filamu ikamfanya Mjerumani, na ghafla kila ubishi wake na rubani, James Stewart, unanuka vita. Tazama pale inapogundulika kwamba kazi ya Dorfmann ni kubuni ndege za mfano. Wenzake wanapigwa na butwaa. Yeye hapandishi sauti. Anawaeleza kama mwalimu aliyechoka: ndege ya mfano haina rubani wa kuirekebisha hewani, kwa hiyo lazima iwe tulivu kuliko ndege kubwa. Kisha injini inagoma kuwaka. Baruti za kuiwashia ni za kuhesabu, na Stewart anaamua kufyatua moja huku umeme wa injini umezimwa, asafishe silinda. Dorfmann anapiga kelele. Kwa hesabu yuko sahihi, kwa injini amekosea, na Krüger anauonyesha woga huo usoni bila kumgeuza kichekesho.

Baadaye gwanda lilirudi, la karne ya 18 katika Barry Lyndon (1975) na la jenerali wa SS katika A Bridge Too Far (1977). Mwaka 1978, katika The Wild Geese, lafudhi ileile ikatumika kwa kazi nyingine: Pieter Coetzee, Kaburu wa Afrika Kusini.