Sinema bubu hazikuwa za mbio

Tukikumbuka sinema za zamani zisizo na sauti, wengi wetu tunaona watu wanaokwenda mbiombio na kustukastuka. Inaaminika kwamba mitambo ya enzi hizo ilikuwa duni kiasi hicho. Sivyo.

Kamera nyingi zilizungushwa kwa mkono, zikipiga takriban picha 16 hadi 20 kwa sekunde. Sauti ilipoingia mwishoni mwa miaka ya 1920, kasi ya kawaida ikawa picha 24. Kanda iliyopigwa kwa picha 16 ukiionyesha kwa 24, mwendo unaongezeka kwa nusu nzima. Mbio zile zimetoka hapo.

Chukua The Cure ya Charlie Chaplin, ya mwaka 1917. Mlevi anafika kwenye hoteli ya maji ya tiba na sanduku lililosheheni chupa. Pombe inaishia kisimani, wageni wanalewa, na binti anayemsihi aache ulevi (Edna Purviance) ndiye anayemhimiza anywe maji yaleyale! Kwa kasi inayofaa, unamwona Chaplin kwenye mlango wa kuzunguka akiyumba, akikaribia kuanguka, kisha akijirudi taratibu kwa heshima zote za mlevi. Ikimbize kanda, na ulevi unatoweka. Anabaki mtu mwenye haraka tu.

Ni kweli, wachekeshaji wenyewe wakati mwingine waliagiza kamera izungushwe polepole ili kufukuzana kuchangamke kwenye pazia. Ila hiyo ilikuwa hila ya makusudi, tena mara nyingi ya tukio moja moja, si ya sinema nzima.