Anime: Fedha Nyingi, Mchoraji Mikono Mitupu

Dhana kwamba anime, yaani katuni za Kijapani, ni za watoto tu haihitaji mjadala mrefu, kwani nchini Japani sehemu kubwa ya anime za televisheni hurushwa baada ya saa sita usiku, watoto wakiwa wamelala. Dhana yenye madhara zaidi ni ile inayodai kuwa anime ikipendwa duniani, studio iliyoichora hutajirika pamoja na wachoraji wake.

Anime nyingi hugharamiwa na kamati ya uzalishaji, yaani muungano wa kampuni kama mchapishaji wa manga (hadithi za picha za Kijapani), kituo cha televisheni, kampuni ya muziki na mtengenezaji wa midoli, ambazo huchanga mtaji na kugawana mapato kulingana na mchango wa kila mmoja. Studio isiyochanga hubaki kuwa fundi aliyepewa kazi: hulipwa ujira uliopatanwa, na faida inayofuata, iwe ya midoli au ya mauzo ya ng'ambo, kwa kawaida haiifikii. Mzigo huo humshukia mchoraji anayeanza, ambaye huchora picha za katikati zinazounganisha hatua moja ya mwendo na nyingine, na ambaye kwa miaka mingi amelipwa takriban yen 200 kwa picha, pengine bila mshahara wa mwezi. Hili linaniuma, kwa kuwa mkono huo ndio unaompa mhusika uhai.

Wengi humtwisha Tezuka Osamu, mchoraji mashuhuri wa manga, lawama yote, kwa sababu alipoanza kurusha Tetsuwan Atom, anime yake ya televisheni, tarehe 1 Januari 1963 alikubali bei iliyokuwa chini ya gharama, akitumaini kufidia pengo kwa mauzo ya bidhaa. Ni kweli kwamba bei hiyo iliweka mfano mbaya, na studio yake, Mushi Production, ilifilisika mwaka 1973. Hata hivyo, yeye alifariki mwaka 1989, ilhali mfumo wa kamati ulienea katika miaka ya 1990. Walioudumisha ni wengine.

Wala si kweli kwamba hakuna njia nyingine. Studio ya Kyoto Animation huajiri wachoraji wake kwa mshahara, huwafunza yenyewe, na huchapisha riwaya ambazo baadhi yake huzigeuza kuwa anime, hivyo hadithi inakuwa mali yake tangu mwanzo.