Je, Kenya iliifuta adhabu ya kifo mwaka 2017?

Wengi huamini kwamba Mahakama ya Juu ya Kenya, katika kesi ya Francis Muruatetu, mfungwa aliyehukumiwa kifo kwa mauaji, iliifuta adhabu hiyo. Sivyo. Kilichobatilishwa tarehe 14 Desemba 2017 ni ulazima wake: kifungu cha 204 cha Kanuni ya Adhabu kilimfunga jaji mikono, hata akawa hawezi kutazama mazingira ya mauaji wala kumsikiliza aliyetiwa hatiani.

Kesi moja ya mauaji yaliyotokea Nairobi mwezi Septemba 2018 inaonyesha tofauti hiyo. Wapelelezi walifuatilia hata kitambulisho cha mtu mwingine kilichotumiwa langoni pa jengo, na ushahidi wa kimazingira, yaani wa dalili zinazoashiria mhusika bila shahidi aliyeona tendo, ukaunganishwa pingili kwa pingili hadi Mahakama Kuu ikamtia mshtakiwa hatiani tarehe 9 Februari 2024. Hukumu ya adhabu haikutolewa siku hiyo. Kwanza ilipaswa kusikilizwa ripoti ya afisa wa probesheni, maombi ya kupunguziwa adhabu, na pia uchungu wa familia ya marehemu, ambao kwa maoni yangu ulipuuzwa kwa muda mrefu mno. Tarehe 13 Machi jaji alitamka adhabu ya kifo, kwa hiari yake ya kisheria.

Ni kweli kwamba Kenya haijamnyonga mtu tangu mwaka 1987, na kwamba mwaka 2016 Rais Uhuru Kenyatta aliwabadilishia wafungwa 2,747 adhabu hiyo kuwa kifungo cha maisha; lakini sheria yenyewe ingalipo.