Zhuge Liang Hakuita Upepo Wowote

Nafundisha historia ya China ya kale. Kila muhula nikifika kwenye vita vya Chibi, kabla sijamaliza kuandika mwaka ubaoni, mkono unanyooshwa nyuma ya darasa: "Mwalimu, hapo si ndipo Zhuge Liang alipopanda madhabahuni akaomba upepo?" Hapana, si hapo. Zhuge Liang alikuwa mshauri, na baadaye waziri mkuu, wa upande wa Liu Bei, mmoja wa wababe waliogombania China utawala wa Han ulipokuwa ukianguka na kuzaa Falme Tatu: Wei ya kaskazini, Shu ya magharibi na Wu ya kusini-mashariki. Nimechoka kulijibu swali hili kwa mdomo, basi leo nalijibu kwa maandishi, na atakayeuliza tena nitamwelekeza hapa.

Shida yote inatokana na vitabu viwili ambavyo watu wanavichanganya, ingawa vimepishana kwa zaidi ya miaka 1,000. Cha kwanza ni Sanguozhi, historia iliyoandikwa na Chen Shou, aliyezaliwa mwaka 233 katika ufalme wa Shu wenyewe, akautumikia, kisha akaja kuwatumikia watawala wa Jin, walioirithi Wei na kuiunganisha China. Mwaka 429 Pei Songzhi aliongeza humo maelezo marefu: alikusanya habari kutoka vitabu vingine, vingi vyao vimekwisha kupotea, na pale alipoona habari haisimami akasema waziwazi haisimami. Cha pili ni Sanguo Yanyi, riwaya ambayo kwa kawaida hutajwa kuwa ya Luo Guanzhong wa karne ya 14. Chapa yake ya zamani zaidi tuliyo nayo ni ya mwaka 1522. Tamthilia, katuni, michezo ya kompyuta, vyote vimechota kwenye riwaya. Nami naipenda riwaya hiyo, nimeisoma zaidi ya mara moja. Ninayegombana naye ni yule anayeileta darasani kama ushahidi.

Turudi Chibi, majira ya baridi ya mwaka 208. Cao Cao, waziri mkuu wa Han, ameshaitia mkononi kaskazini, ameteremka kusini, na mkoa wa Jing umejisalimisha kwake bila vita. Liu Bei yuko mbioni na mabaki ya watu wake. Anayebaki wa kumzuia ni Sun Quan, ambaye nchi yake iko kwenye sehemu za chini za mto Yangzi, na jemadari wake ni Zhou Yu. Cao Cao anatangaza kwamba ana askari 800,000. Zhou Yu anamwambia bwana wake asibabaike na hesabu hiyo: watu wa kaskazini ni kama 150,000 au 160,000, tena wamechoka kwa safari, waliochukuliwa Jing ni 70,000 au 80,000, na hao mioyo yao bado haijakubali bwana mpya. Sun Quan akampa Zhou Yu watu 30,000.

Wazo la kuchoma merikebu lilitoka kwa Huang Gai, ofisa wa Zhou Yu, aliyeona vyombo vya adui vimesongamana, omo kwa tezi. Alijaza kuni na matete makavu kwenye mashua, akayamwagia mafuta, akafunika kwa vitambaa, na kabla ya hapo akawa amempelekea Cao Cao barua ya kujisalimisha, uongo mtupu. Upepo wa kusini-mashariki ulikuwa mkali siku ile, hilo limo katika habari alizozinukuu Pei Songzhi. Madhabahu haimo. Wala dua haimo. Zhou Yu na Huang Gai walikuwa watu wa vita vya majini, hawakuhitaji mchawi wa kuwaambia upepo unatoka wapi.

Na kabla moto haujawaka, jeshi la Cao Cao lilikuwa tayari linaugua. Ukisoma sura ya Cao Cao mwenyewe katika Sanguozhi, moto hautajwi kabisa: alipigana, hakufanikiwa, maradhi yakazuka, wengi wakafa, akaondoka. Bila shaka kila upande ulijiandikia kilichoufaa, lakini maradhi yanatajwa na pande zote mbili. Hakuna tamthilia niliyoiona iliyoyapa maradhi hayo nafasi hata nusu ya ile inayopewa taa na vibendera vya Zhuge Liang.

Sasa Zhuge Liang alikuwa wapi? Alikuwa kijana wa miaka 27, hajatimiza hata miaka miwili katika utumishi wa Liu Bei. Alitumwa kwa Sun Quan kama mjumbe, naye akaifanya kazi ya mjumbe vizuri mno. Alimweleza Sun Quan kwamba watu wa kaskazini hawajazoea vita vya majini, kwamba jeshi lao limekimbizwa hadi nguvu zimewaishia, na kwamba watu wa Jing wametii kwa kuogopa tu. Muungano ukapatikana. Hilo si jambo dogo, na lingetosha kumpa mtu sifa. Lakini msimulizi wa jukwaani hawezi kuuza mazungumzo ya kidiplomasia, basi akampa upepo.

Mishale nayo ina safari yake, na ndiyo ninayoitumia kuwaonyesha wanafunzi jinsi hadithi inavyohama mikono. Kila mtu anajua kisa cha Zhuge Liang kupeleka mashua zenye majani mbele ya kambi ya adui usiku wa ukungu na kurudi na mishale 100,000. Katika habari za kale, kilicho karibu na kisa hicho ni hiki: mwaka 213, miaka 5 baada ya Chibi, Sun Quan alikwenda na chombo kikubwa kuichungulia kambi ya Cao Cao. Akapigwa mishale upande mmoja mpaka chombo kikaegemea. Akaamuru kigeuzwe ili upande wa pili nao upigwe, uzito ukasawazika, akarudi zake. Hakuenda kutafuta mishale, alikuwa anaokoa chombo. Baadaye, katika masimulizi yaliyochapwa Wamongolia walipotawala China, kisa ni cha Zhou Yu. Ndipo riwaya ikamnyang'anya Zhou Yu na kumpa Zhuge Liang. Mwenyewe wa asili, Sun Quan, hakuna anayemkumbuka.

Kinachoniudhi hasa ni kwamba uchawi huu unamfuta Zhuge Liang wa kweli, ambaye kwangu ni mkubwa kuliko yule wa riwaya. Chen Shou alimhukumu hivi: katika kutawala alikuwa hodari kupindukia, lakini mbinu za vita za papo kwa papo huenda hazikuwa ndiyo fani yake. Hapo kila mara kuna mwenye jibu: Chen Shou alikuwa na kinyongo, baba yake aliadhibiwa na Zhuge Liang. Sawa. Mbona basi mtu mwenye kinyongo alizikusanya kazi za Zhuge Liang, akazipanga katika sehemu 24, akazikabidhi kwa watawala wa Jin mwaka 274, maadui wa jana, huku akimsifu kwa kurasa? Someni hukumu yote, msisome sentensi moja.

Shu ilipoanguka mwaka 263, daftari lililokabidhiwa kwa washindi lilikuwa na kaya 280,000, watu 940,000, askari 102,000 na maofisa 40,000. Hiyo ndiyo nchi nzima, miaka 29 baada ya Zhuge Liang kufariki. Kwa nchi ya ukubwa huo alikwenda kaskazini mara kadhaa kati ya 228 na 234, kuishambulia Wei, ufalme wa ukoo wa Cao Cao, iliyoizidi mara nyingi kwa watu na kwa mashamba, akivusha nafaka kwenye milima ya Qinling.  Mwaka 228 jemadari wake Ma Su alipoharibu mambo vitani Jieting, Zhuge Liang aliandika mwenyewe kuomba ashushwe cheo ngazi tatu, na akashushwa. Alimwarifu mfalme wake kwamba ana miforosadi 800, ile ya kulishia viwavi wa hariri, huko Chengdu, na shamba lisilo na rutuba sana, na kwamba siku ya kufa kwake hapatakutwa mali ya ziada. Hapakukutwa. Waziri mkuu wa namna hiyo mnamwondoa jukwaani mkamleta mganga mwenye pepeo la manyoya ya ndege!

Na kisa cha mji mtupu, ambapo Zhuge Liang anapiga kinanda juu ya ukuta na Sima Yi, jemadari wa Wei, anaogopa kuingia? Pei Songzhi alikikataa miaka karibu 1,600 iliyopita. Wakati huo Sima Yi alikuwa na madaraka yake katika mji wa Wan, mbali kabisa na hapo. Hawakukutana vitani mpaka 231.

Ushauri wangu kwa kila anayeanza somo hili ni mmoja, nao ni mkavu: chukua karatasi, andika majina makubwa 20, na mbele ya kila jina andika mwaka wa kifo. Usianze kubishana kabla ya kuwa na karatasi hiyo. Nusu ya dhana potofu zinakufa hapo hapo.

Mfano, kuhusu tabibu maarufu Hua Tuo na Guan Yu, jemadari wa Liu Bei: "Hua Tuo alimkwangua Guan Yu mfupa huku Guan Yu akicheza bao la Kichina." Riwaya inaliweka tukio hilo mwaka 219. Hua Tuo aliuawa kwa amri ya Cao Cao si baada ya 208. Upasuaji wenyewe umo katika Sanguozhi: mkono wa kushoto, mshale wenye sumu, damu inajaa bakuli, na Guan Yu anakula, anakunywa na kucheka na wageni wake. Tabibu hakutajwa jina. Riwaya ikachukua jina kubwa la marehemu.

Mfano mwingine: watu wanawaita Cao Cao, Guan Yu, Lü Bu na Zhou Yu "mashujaa wa Falme Tatu". Lü Bu alikufa mwanzoni mwa 199, Zhou Yu 210, Guan Yu na Cao Cao mwanzoni mwa 220. Utawala wa Han ulikomeshwa mwishoni mwa mwaka huo wa 220, Liu Bei akajitangaza kaisari 221, Sun Quan 229. Walikufa wote wakiwa, angalau kwa jina, raia wa Han.

Zhou Yu hakufa kwa kumwonea wivu Zhuge Liang, kama riwaya isemavyo. Aliugua akafa, na Chen Shou anamwita mtu mkarimu mwenye moyo mpana.

Guan Yu hakuwa na lile panga refu lenye umbo la mwezi mchanga. Silaha za namna hiyo ni za karne za baadaye sana. Mwaka 200 pale Baima alimchoma Yan Liang, jemadari wa adui, katikati ya jeshi lake mwenyewe, akamkata kichwa, akarudi nacho. Kwa nini hilo halikuwatosha, sijui. Jemadari Hua Xiong naye hakuuawa na Guan Yu, waliomuua ni watu wa Sun Jian, baba yake Sun Quan.

Afisa wa serikali aliyefungwa na kuchapwa viboko, ambaye kila mtu anamsingizia Zhang Fei mwenye hasira, mwenzao Liu Bei na Guan Yu, kuwa ndiye aliyemchapa, alichapwa na Liu Bei, yule yule mpole wa kulia machozi. Chen Shou anasema Liu Bei alikuwa mtu wa maneno machache asiyeonyesha furaha wala hasira usoni. Kushona viatu vya majani na kusuka mikeka pamoja na mama yake, hilo kweli.

Kiapo cha undugu kwenye bustani ya mipichi hakimo katika Sanguozhi. Kilichomo ni kwamba Liu Bei, Guan Yu na Zhang Fei walilala kitanda kimoja na kupendana kama ndugu.

Diaochan, yule mrembo wa riwaya, hayupo. Kuna mtumishi wa kike wa Dong Zhuo, jemadari aliyeishika serikali ya Han, hana jina, ambaye Lü Bu, mlinzi wa Dong Zhuo, alikuwa na uhusiano naye wa siri na akawa anaogopa kugunduliwa. Basi. Jina, uzuri, na njama ya kuwagombanisha wanaume wawili viliongezwa baadaye. Asiulizwe mtu kaburi lake liko wapi.

Cao Cao ana shida mbili. Ya kwanza ni ya zamani: uso mweupe wa mhaini katika opera. Mshairi Su Shi wa karne ya 11 aliandika kuhusu watoto wanaopewa senti wakamsikilize msimulizi. Wakisikia Liu Bei kashindwa wanalia, wakisikia Cao Cao kashindwa wanashangilia. Upendeleo huo ulikaza zaidi watawala wa Song walipoipoteza kaskazini mwaka 1127 na kukimbilia kusini, wakajiona wao ndio Shu. Shida ya pili ni ya siku hizi. Mtu akisoma kidogo anagundua kwamba Cao Cao alikuwa mshairi mzuri, kwamba alianzisha mashamba ya serikali mwaka 196 yaliyolisha majeshi na wakimbizi, kwamba alikifafanua kitabu cha vita cha Sunzi, na kwamba hakuwahi kujiita kaisari. Basi anamgeuza walii. Mwaka 193 majeshi yake yaliingia mkoa wa Xu na kuua raia ovyo, na hilo nalo limo katika kurasa zile zile.

Kipo kimoja ambacho watu wanakiona ni chumvi kumbe ni kweli: Liu Bei kwenda mara tatu kwenye kibanda cha Zhuge Liang. Aliyesema ni Zhuge Liang mwenyewe, katika waraka wake kwa mfalme wa mwaka 227.

La mwisho ni la wapenda namba. "Vita vya Falme Tatu viliua watu milioni 40." Daftari la Han la mwaka 157 lina watu zaidi ya milioni 56, la Jin la mwaka 280 lina zaidi ya milioni 16. Njaa, maradhi na vita viliua watu wengi mno, hakuna anayekanusha. Lakini daftari huandika wale ambao mtoza kodi amewafikia. Kufikia 280 kulikuwa na watu waliojificha chini ya mabwana wenye ardhi kubwa, waliohamia milimani, na familia za askari zilizoandikwa kando. Ukiiona milioni 40 kwenye video, ujue aliyeitengeneza alitoa namba moja kutoka nyingine, akaishia hapo.