Shar-Pei mwenye mimba: kabla ya kuhesabu watoto, hesabu siku

Wenye Shar-Pei, mbwa wale wenye ngozi ya mikunjo, wakimleta jike kwangu, swali la kwanza ni lile lile: daktari, atazaa wangapi? Jibu la haraka ni wanne hadi sita. Wapo wanaozaa mmoja, wapo wanaopindukia wanane. Anayezaa mara ya kwanza, au ambaye umri umeanza kumtupa mkono, mara nyingi huzaa wachache.

Watu hudhani wachache ni nafuu. Mimi ndio wanaoninyima usingizi. Uchungu huanzishwa na watoto wenyewe: wanapokaribia kukomaa, miili yao hutoa kotisoli, na homoni hiyo ndiyo inayouamsha mfuko wa uzazi. Mtoto akiwa mmoja, ishara huenda isitoshe. Siku zinapita, naye anazidi kunenepa mle ndani mpaka njia inakuwa finyu, na hapo tunaishia kwenye upasuaji.

Ndiyo maana swali langu mimi ni tofauti: mayai yalitoka lini? Ukihesabu kuanzia mayai yanapotoka kwenye ovari, mbwa hubeba mimba siku 63, kosa likizidi sana ni siku moja mbele au nyuma. Ukihesabu kuanzia siku aliyopandwa, unaweza kupata 57, unaweza kupata hata 70. Si kwamba mimba zenyewe zinatofautiana kiasi hicho. Mayai ya mbwa hutoka yakiwa machanga, yanahitaji siku mbili tatu kukomaa, na mbegu za dume zinaweza kuyasubiri ndani ya jike karibu wiki nzima. Kwa hiyo jike akiwa kwenye joto, yaani wakati wa kutaka dume, apimwe projesteroni kwenye damu kila baada ya siku mbili hivi; ni homoni inayopanda mayai yanapotoka. Kipimo hicho kitakuokoa siku ambayo mtu atauliza kama tumpasue leo au tusubiri.

Ultrasaundi ifanywe kuanzia siku ya 25. Itakuonyesha mioyo inavyodunda, lakini usiiamini kwa idadi. Kuhesabu ni kazi ya eksirei baada ya siku ya 55, mifupa ikishakuwa migumu: tunahesabu mafuvu, kisha tunahakiki kwa kuhesabu uti wa mgongo wa kila mmoja. Ukijua wako watano na wametoka wanne, hujamaliza.

Sasa mambo ya Shar-Pei hasa. Mikunjo yao hutokana na asidi ya hayaluroniki kujaa kwenye ngozi, na badiliko la jeni lililo karibu na HAS2, jeni ya kutengeneza asidi hiyo, linaloleta mikunjo limehusishwa pia na homa ya ukoo huu. Ghafla joto linapanda kupita nyuzi 40, kifundo cha mguu wa nyuma kinavimba, mbwa anagoma kutembea, kisha baada ya siku moja au mbili ametulia kana kwamba hakuna kilichotokea. Jike mwenye historia hiyo mimi simshauri mtu ampandishe. Kolkisini, dawa inayotumika sana kwa homa hii, huzuia seli zisigawanyike, na mimba ni kugawanyika kwa seli tangu mwanzo hadi mwisho. Tena homa ikimpata karibu na kuzaa, inavuruga kipimo tunachokitegemea: kwa kawaida joto la jike hushuka chini ya nyuzi 37.2 ndani ya saa 24 kabla ya uchungu.

Wiki ya mwisho nainua mikunjo iliyozunguka uke na mapaja, naipangusa na kuikausha kabisa. Unyevu ukibaki humo, ngozi inachubuka na kunuka. Kuhusu vidonge vya kalsiamu wakati wa mimba, acha. Vinauzoesha mwili uvivu wa kutoa kalsiamu yake wenyewe, halafu maziwa yakija anaanza kutetemeka na kukakamaa.

Akisukuma kwa nguvu nusu saa bila mtoto, au majimaji ya kijani yakitoka kabla ya mtoto wa kwanza, usisubiri kuche. Nenda.

Watoto wakishafungua macho, karibu wiki ya pili, watazame kila siku. Kope za Shar-Pei hupinda kuingia ndani na nywele zikakwaruza jicho. Anayeyafumba tena, machozi yakimtiririka, mlete siku hiyo hiyo: nyuzi chache za muda za kuinua kope zinaweza kumwepusha na upasuaji baadaye. Kukata kope kabla hajakua siafiki, kwa sababu uso wake bado unabadilika.