"News" si kifupi cha pande nne za dunia

Kwenye magrupu ya WhatsApp hapa Kigoma, ya wazazi, ya vikoba, hata ya wenye mitumbwi, kuna ujumbe usiochoka kuzunguka: kwamba neno la Kiingereza "news" limeundwa kwa herufi za kwanza za North, East, West na South, kwa kuwa habari hutoka pande zote nne. Unavutia, sikatai. Lakini si kweli.

"News" limetokana na "new", yaani mpya, likatiwa "s" ya wingi: mambo mapya. Wafaransa nao husema "nouvelles", lililotokana na neno lao la upya. Anayetaka kuhakikisha afungue kamusi kubwa ya Kiingereza inayoeleza asili ya maneno. Atakuta pia kwamba zamani liliandikwa "newes". Sasa ile "e" ya pili ni upande gani wa dunia? Tena mtindo wa kuunda maneno kwa herufi za mwanzo ulishamiri karne ya 20, wakati neno hili lilishazeeka.

Kukanganyikiwa si ujinga. Herufi zinalingana kabisa, na sisi wenyewe tunalo neno UKIMWI, lililozaliwa kwa njia inayokaribiana, kwa mianzo ya maneno Upungufu wa Kinga Mwilini. Ila "habari" yetu imetoka Kiarabu, "khabar", na hakuna aliyeitafutia dira.

Ukitumiwa tena ujumbe huo, usiusambaze. Mweleze aliyeutuma kwa upole, ikiwezekana pembeni, si mbele ya grupu zima.