Kalenda ya Ombe: kwa nini niliacha hesabu isigawanyike

Kuna fundi seremala mmoja hapa Jinja, Uganda, nilimwambia njoo Jumatano upime dirisha, akaja Ijumaa, na wala hakuwa amekosea. Yeye kichwani anahesabu kwa Luganda, Ijumaa ni Lwakutaano, siku ya tano kuanzia Jumatatu, mimi nasema Jumatano ambayo nayo ni ya tano ila inahesabiwa kuanzia Jumamosi, alafu katikati yetu iko Alhamisi ambayo jina lake kwa Kiarabu ni hiyo hiyo ya tano, yenyewe inaanzia Jumapili. Yani wiki moja ina siku za tano tatu, tena zimefuatana. Hakuna mtu aliyekaa chini akabuni hivyo, imeletwa na dini na biashara na ujirani, na mimi tangu siku ile nikitunga kalenda natafuta kitu cha namna hiyo.

Nafundisha hesabu, na kwa miaka kadhaa nimekuwa natengeneza kalenda ya dunia ambayo kikundi chetu kinaichezea gemu ya mezani, inaitwa Ombe. Wengi wakianza kutunga wanachukua namba tamu, miezi 12 ya siku 30, wiki ya siku 6, kila kitu kinaingia kwa kingine bila salio. Mimi naona hapo ndo hadithi inakufa. Mbingu za kwetu zenyewe hazikubali hivyo: mwezi unachukua siku 29.53 kutoka mwandamo hadi mwandamo, mwaka wa jua ni siku 365.2422, ukizidisha mwezi mara 12 unapata 354 na kidogo, kwa hiyo unabaki na pengo la karibu siku 11. Waislamu waliliacha pengo liende, ndo maana Ramadhani inazunguka mwaka wote. Wayahudi wanaliziba, kila miaka 19 wanaingiza miezi 7 ya ziada, sababu miaka 19 inakaribia sana miezi 235. Pengo moja, na watu wawili wameishi nalo tofauti kabisa!

Sasa kabla ya namba nilijiuliza watu wa Ombe wanakula nini na wanafanya kazi gani. Wanakaa kwenye ikweta ya dunia yao, kama sisi pale Kayabwe ukienda Masaka, mchana una urefu wa kama masaa 12 mwaka mzima, kwa hiyo theluji na majira manne sikuyataka, hayo ni ya watu wengine. Wana mvua mbili za kupandia. Na miezi nimeipa majina jinsi Waganda walivyofanya, Machi ni Mugulansigo, wakati wa kununua mbegu, Novemba ni Museenene sababu senene wameanguka, jina lenyewe linakuambia toka nje uangalie. Alafu wana ziwa. Huku kwetu wavuvi wa mukene, yani dagaa, wanavua kwa taa usiku wa giza, mbalamwezi ikijaa taa haivuti samaki vizuri na wengi wanabaki nchi kavu wanatengeneza nyavu. Basi Ombe nikawa na mataifa mawili ndani ya nchi moja, wavuvi wanaohesabu mwezi na wakulima wanaohesabu mvua, na wanauziana chakula kwa hiyo lazima waelewane tarehe.

Mwaka wa Ombe nimeupa siku 391.25 na mwezi siku 28.6. Kila miezi mitano, mitatu ina siku 29 na miwili ina 28, inatoka sawa, 143. Ila miezi 13 ni siku 371.8 tu, zinabaki 19 na kitu, kwa hiyo kila miaka mitatu miwili inapewa miezi 14 na mmoja 13, jumla miezi 41, siku 1172.6. Miaka mitatu yenyewe ni siku 1173.75. Imebaki siku 1.15.

Hiyo siku moja na kidogo ndo nimeifanyia kazi kuliko kitu chochote. Inajikusanya polepole, hakuna mtu anaiona, na baada ya miaka 75 imefika 28.75, mwezi mzima umechelewa. Hapo wanaingiza Mwezi wa Wageni. Wengi wanauona mara moja tu maishani, wengine hawaupati kabisa. Daftari za kodi ya nyumba hazina mstari wake kwa hiyo kodi hailipwi, deni halidaiwi, na mtoto aliyezaliwa humo umri wake unahesabiwa kwa mvua sababu mwezi wake hautarudi mpaka awe na miaka 75. Mchezaji wetu mmoja mhusika wake ni bibi wa namna hiyo, anangoja.

Wiki sikuigusa sana. Ni siku 5 kwa masoko matano yanayopokezana, na haikatwi hata kalenda ikirekebishwa. Hilo nimelitoa kwa historia, mwaka 1582 Roma waliporuka siku 10, Alhamisi tarehe 4 Oktoba ikafuatwa na Ijumaa tarehe 15, wiki haikuguswa.

Sasa tumefika mwaka wa 75. Wavuvi ndo wenye haki ya kutangaza Mwezi wa Wageni wakiona mwandamo, lakini safari hii mvua imewahi, wakulima wameshapanda na wanataka hesabu iendelee ili mavuno yaingie tarehe za sherehe, na wenye nyumba wako upande wao sababu ya kodi. Jumapili tunacheza usiku wa mwandamo. Yule bibi amebeba kiti chake mpaka ufukweni.